Sura ya 7: Usukani wa Umeme Kwenye Mchanga wa Kendwa

Barabara ya lami itokayo mjini Unguja hupita Bububu, Mahonda, Kinyasini na Mkwajuni, ikamalizikia Nungwi. Dereva anayepeleka wageni Kendwa huiacha karibu na mwisho wake, akakata kushoto kuelekea baharini. Akifika mlangoni mwa hoteli na kushusha mabegi, hubaki na kazi ya kugeuza gari. Nafasi ni finyu. Upande huu ukuta wa mawe, upande ule minazi, na chini mchanga mweupe laini unaomeza tairi. Anakata usukani mpaka mwisho, anarudi nyuma, anakata upande wa pili, anasogea mbele kidogo, anarudi tena. Mara nne, mara tano. Kazi yote hiyo anaifanya kwa mkono mmoja, mwingine ukiwapungia wageni.

Mkono huo mmoja ndio habari ya sura hii. Wazee walioendesha gari za mbao za shamba, yale malori ya zamani yaliyobeba watu, mikungu ya ndizi na samaki kutoka kaskazini hadi soko la Darajani, hawakuwa na anasa hiyo. Usukani wa lori lile ulikuwa mpana kama sinia la pilau, na gari ikisimama dereva aliinuka kitini auvute kwa uzito wa mwili mzima. Ndiyo maana usukani ulifanywa mpana: mkono ukiwa mbali na kitovu, nguvu huongezeka. Leo madereva wa teksi za uwanja wa ndege wanaendesha usukani mdogo mwepesi, na wengi wao hawajui kuwa wepesi ule unatoka kwenye mota ya umeme iliyojificha chini ya dashibodi, karibu na magoti yao. Hujua siku taa ya manjano yenye picha ya usukani inapowaka.

Kabla ya umeme palikuwa na mafuta. Katika miaka ya 1920 mhandisi wa Kimarekani, Francis Davis, alibuni njia ya kumsaidia dereva kwa nguvu ya mafuta yaliyoshindiliwa, na mwaka 1951 Chrysler ikaanza kuuza gari yenye msaada huo, Imperial. Mafundi wetu wanaijua vizuri stelingi ya namna hiyo. Kuna pampu inayozungushwa na mkanda wa injini, kuna kikopo cha mafuta, kuna mipira inayopeleka mafuta kwenye raki, na raki ndiyo inayosukuma magurudumu. Ikiharibika, huonekana. Mafuta yanavuja chini, pampu inalia kama mbuzi, mkanda unapiga kelele. Fundi anaangalia kwa macho, anagusa kwa kidole, anabadilisha sili, gari inaondoka.

Tatizo la pampu ni kwamba haipumziki. Injini ikiwaka, pampu inazunguka, hata pale dereva anapokwenda mbele moja kwa moja kilomita nyingi bila kukata kona. Nguvu hiyo inalipwa kwa petroli. Katika gari kubwa mtu haioni hasara. Katika gari ndogo inauma.

Kwa hiyo usukani wa umeme ulizaliwa kwenye gari ndogo kuliko zote. Japani ina daraja la magari madogo yanayoitwa kei, na katika miaka ya 1980 sheria iliyabana yasivuke injini ya sentimita za ujazo 550. Injini kama hiyo ikifungwa pampu ya mafuta inachoka. Mwaka 1988 Suzuki ilitoa gari yake ndogo, Cervo, ikiwa na stelingi ya umeme iliyotengenezwa na kampuni ya Koyo Seiko, ambayo leo ni sehemu ya JTEKT. Miaka miwili baadaye Honda ikaitia kwenye NSX, gari ya mbio. Gari nzito zilisubiri sana, kwa sababu betri ya volti 12 haikuweza kuilisha mota yenye nguvu ya kutosha. Pikapu ya Ford F-150 haikuipata mpaka toleo la 2011.

Jinsi inavyofanya kazi si jambo gumu, na kila mwenye gari anastahili kulielewa. Katika mti wa usukani pana kijiti cha chuma kinachojipinda kidogo sana dereva anapozungusha. Sensa inapima kupinda huko. Kontroli boksi, yaani kompyuta ndogo ya stelingi, inasoma kipimo, inasoma na mwendo wa gari, kisha inaiamuru mota isukume kwa kiasi gani. Gari ikiwa imesimama, mota inasaidia sana. Gari ikiwa kasi, inasaidia kidogo, ili usukani usiwe mwepesi wa hatari. Na dereva akiwa hakati kona, mota hutulia, haili karibu kitu. Hakuna mafuta, hakuna pampu, hakuna mkanda.

Watengenezaji husema inaokoa petroli kwa takriban asilimia 3 hadi 5. Tuipige hesabu kwa njia yetu. Safari ya kutoka uwanja wa ndege wa Abeid Amani Karume hadi Kendwa na kurudi ni kama kilomita 120. Gari ikila lita 12, basi nusu lita hivi inabaki tangini. Dereva anayefanya safari 300 kwa mwaka anaokoa lita zinazokaribia 150. Kwa mtu anayelipa petroli mwenyewe na kumpa tajiri hesabu yake kila siku, hizo ni pesa za ada ya mtoto.

Lakini dereva huyo hakuichagua stelingi ya umeme, na hapo ndipo ninapotofautiana na wanaoandika ripoti za biashara ya stelingi. Wao huigawa dunia mafungu: Asia, Ulaya, Marekani ya Kaskazini, kisha fungu moja la mwisho ambamo Mashariki ya Kati na Afrika nzima hutiwa pamoja. Husema mahitaji makubwa yako Asia, na ni kweli, maana China, Japani na India ndiko magari mengi yanakotengenezwa na kuuzwa mapya. Ulaya waliiharakisha wenyewe: sheria ya mwaka 2009 iliwataka watengenezaji washushe wastani wa hewa ya kaboni ya magari yao mapya hadi gramu 130 kwa kilomita, na kila gramu iliyopungua ilikuwa na thamani. Japani ilikuwa na sheria yake ya kubana matumizi ya mafuta tangu mwisho wa miaka ya 1990. Pampu ya mafuta ikawa kitu cha kwanza kutupwa.

Afrika Mashariki katika hesabu hizo karibu haionekani, kwa sababu ya namna ya kuhesabu. Toyota IST iliyotoka kiwandani mwaka 2004 ilihesabiwa siku iliponunuliwa kule Japani. Ilipotua bandari yetu ya Malindi miaka mingi baadaye, ikafungwa namba inayoanza na Z na kuanza maisha yake ya pili, hakuna ripoti iliyoihesabu tena kama mteja wa stelingi. Mota ile ile, kontroli boksi ile ile, sasa inafanya kazi kwenye joto, chumvi na mchanga, na ndiyo kwanza inakaribia umri wa kuharibika. Japani wanaitumia stelingi ikiwa kijana. Sisi tunaipokea ikiwa mtu mzima na kuitunza uzeeni. Mahitaji yetu hayako kwenye magari mapya. Yako gerejini.

Ukitazama nchi jirani unaona jinsi sheria ya umri wa gari inavyoamua nani anapata nini. Kenya hairuhusu kuingiza gari iliyovuka miaka 8, hivyo stelingi ya umeme ilitangulia kuenea huko, na maduka ya Kirinyaga Road, Nairobi, yakalazimika kuijua mapema. Uganda iliacha gari kongwe ziingie mpaka mwaka 2018, ilipopiga marufuku zilizozidi miaka 15. Kwa hiyo huko Kisekka, soko la spea la Kampala, pampu ya mafuta na kontroli boksi zimeishi pamoja muda mrefu. Tanzania haikufunga mlango. Inatoza ushuru wa ziada kwa gari ndogo iliyovuka miaka 8, na mkubwa zaidi ikivuka 10. Mnunuzi mwenye pesa chache bado hupiga hesabu na kuona gari kongwe inamlipa. Ethiopia imechukua njia nyingine kabisa: mwaka 2024 ilizuia kuingiza gari za petroli na dizeli, ikabaki gari za umeme. Gari isiyo na injini haina cha kuzungushia pampu, kwa hiyo kule kila gari ndogo mpya inayoingia ina stelingi ya umeme, mtu apende asipende.

Kwetu Unguja mabadiliko yamekuja kwa mchanganyiko. Noah ya kwanza, ile ya 1996, ina pampu. Noah iliyotolewa 2007 haina. RAV4 ya 2005 ina mota. Hiace zinazobeba makundi ya wageni kwenda kaskazini bado ni za mafuta, na Land Cruiser na Prado nyingi vilevile. Simama mlangoni mwa hoteli ya Kendwa asubuhi moja utaziona zote zimepangana, na kwa nje huwezi kujua ipi ni ipi. Wageni waliofika Zanzibar walikuwa 538,264 mwaka 2019, na 736,755 mwaka 2024, na sehemu kubwa yao wanataka bahari ya kaskazini, ambako maji hayakimbii mbali yakipwa. Gari za kuwabeba zimeongezeka. Kila gari ndogo inayoongezwa sasa ina uwezekano mkubwa wa kuwa ya umeme usukanini.

Turudi kwenye mchanga, maana Kendwa inaitesa stelingi hii kwa namna ambayo walioibuni kwa ajili ya maegesho ya Tokyo hawakuikusudia. Tairi likizama na dereva akakata usukani gari ikiwa imesimama, mota inavuta makumi ya ampea. Kwa kulinganisha, taa kubwa mbili za mbele kwa pamoja hula kama ampea 9. Akikata mpaka mwisho na kuushikilia pale, huku na huko, mara nyingi, mota inapata moto. Kontroli boksi inahisi joto hilo na kupunguza msaada makusudi ili mota isiungue. Usukani unakuwa mzito ghafla. Dereva asiyejua anadhani umekufa, anaita fundi, na fundi asiyejua anaanza kufungua. Dawa yake ni kuacha gari ipumzike dakika 10 au 20 kivulini. Nguvu inarudi yenyewe. Nimekaa kiti cha mbele jambo hili likitokea, dereva akitaka kulipa pesa za raki nzima kwa gari iliyokuwa imechoka tu.

Na kuna njia ya kulizuia. Usikate usukani gari ikiwa imesimama kabisa. Iache isogee kidogo, hata shibiri moja, ndipo ukate. Usiushikilie mwisho wa mzunguko. Toa upepo kidogo kwenye tairi kabla ya kuingia mchangani, kisha usisahau kuujaza ukirudi lami.

Adui wa pili ni chumvi. Hapa mahali ilipofungwa mota pana maana kubwa. Gari nyingi ndogo za Japani zina mota kwenye mti wa usukani, ndani, chini ya dashibodi, mbali na maji. Gari nyingine zina mota chini kwenye raki, karibu na magurudumu. Hii ya pili huliona kila dimbwi la masika, na soketi zake zikiingia maji ya chumvi hugeuka kijani kwa kutu. Anayenunua gari ya kuishi pwani ningemshauri aulize mota iko wapi kabla hajauliza rangi. Na yeyote anayeosha gari kwa maji ya kasi kutoka chini, aelewe anachokipiga.

Adui wa tatu ni betri iliyochoka. Volti zikishuka, stelingi hujitoa kwanza kabla vitu vingine havijaonyesha dalili, kwa kuwa ndiyo inayokula umeme mwingi kwa mkupuo. Ni gari ngapi zimebadilishwa kontroli boksi wakati ugonjwa ulikuwa kwenye alternata au waya wa ethi uliolegea? Kipimo cha volti ni kifaa cha bei ndogo. Kianze hicho.

Wa nne anatoka gerejini kwenyewe. Gari inachomewa bodi kwa umeme bila kutoa kichwa cha betri, na mkondo unapita mahali usipotakiwa kupita. Fundi wa kuchomea anamaliza kazi yake vizuri, mwenye gari anaondoka, na baada ya muda mfupi taa ya manjano inawaka. Hakuna anayehusisha mambo mawili hayo. Naomba hili lisemwe mpaka lizoeleke kama salamu: kabla ya kuchomea, toa betri.

Spea nazo zina somo lake, na linawahusu sana watu wa visiwa hivi wenye jamaa Muscat na Dubai. Gari ikiharibika, wazo la kwanza ni kumpigia ami aliyeko Oman atume raki kwa mtu anayesafiri. Oman huendesha upande wa kulia, usukani wa gari zao uko kushoto. Raki ya gari kama hiyo ni kioo cha yetu: kila kitu kimegeuzwa. Toyota ni ile ile, jina ni lile lile, na haifungiki. Mzanzibari haitamfaa. Kinachotusaidia ni yadi za Sharjah na Dubai zinazokata magari yaliyotoka Japani, yenye usukani kulia, na hizo ndizo zinazolisha maduka ya Gerezani, Dar es Salaam, ambako spea hupanda boti kuja kwetu.

Hata kontroli boksi ya upande sahihi inataka uangalifu. Mbili zinaweza kufanana umbo na soketi, ilhali moja iliandikwa kwa gari nzito na nyingine kwa nyepesi. Kwenye Toyota, lebo ya boksi la stelingi huwa na nambari inayoanza na 89650, na tarakimu zinazofuata ndizo zinazosema ni ya gari gani. Piga picha lebo ya boksi lako kabla ya kwenda dukani. Usinunue kwa kukadiria macho. Na ikishafungwa, sensa lazima ifundishwe upya katikati ni wapi, magurudumu yakiwa yamenyooka na mkono haugusi usukani. Fundi asipofanya hivyo gari huvuta upande mmoja, na mwenye gari hupelekwa kubadilishiwa tairodi na bushi zisizo na kosa.

Jambo moja huwatia watu hofu, na hofu hiyo ina mzizi kwetu. Unguja hupata umeme wake kwa waya uliopita chini ya bahari kutoka bara. Waya huo ulipoharibika Desemba 2009, kisiwa kilikaa miezi 3, mpaka Machi 2010, bila umeme wa gridi. Watu walionunua jenereta na kubeba maji kwa ndoo wakati ule wanapoambiwa kwamba usukani wa gari yao unategemea umeme, huuliza: ukikatika je, nikiwa kwenye kona ya Mahonda na watoto nyuma?

Ukikatika, kinachoondoka ni msaada tu. Mti wa chuma kutoka usukani hadi magurudumu bado upo, umeshikana. Gari inakata kona, ila inataka mikono miwili na nguvu ya mtu mzima. Hatari iliyopo ni ya mshtuko: mkono uliozoea wepesi unakutana na uzito bila taarifa, dereva anakata kidogo kuliko anavyohitaji. Si hatari ya kudharau. Mwaka 2010 General Motors ya Marekani iliita zirudi kurekebishwa gari zipatazo milioni 1.3 kwa ubovu wa mota ya stelingi, Chevrolet Cobalt zikiwemo. Kwa hiyo taa ya manjano ikiwaka, punguza mwendo, shika usukani kwa mikono miwili, simama pahala salama, zima gari kisha uiwashe tena. Ikirudi kuwaka, usibebe abiria mpaka imepimwa kwa kompyuta.

Nami ninachotaka kipimwe ni hiki: kaskazini yote ya Unguja, kutoka Mkwajuni hadi Nungwi, dereva ataipata wapi mashine ya kusoma kosa hilo, na mtu wa kuielewa? Mara nyingi gari huendeshwa ikiwa nzito kilomita zaidi ya 50 mpaka Mwanakwerekwe, mjini. Kijana anayejifunza ufundi hufundishwa pampu, sili na mafuta, kwa sababu mwalimu wake alifundishwa hivyo, na gari iliyopo uani mwa skuli ndivyo ilivyo.

Mkokotoni pana kituo cha Mamlaka ya Mafunzo ya Amali, mwendo mfupi kutoka Kendwa. Mbweni kuna Taasisi ya Karume ya Sayansi na Teknolojia. Wenye hoteli wanaotajirika kwa barabara ile, na serikali inayokusanya kodi kwa kila gari inayoshuka Malindi, wawapelekee vijana wa Mkokotoni mti mmoja wa usukani wenye mota yake, kontroli boksi yake, kipimo cha volti na mashine ya kusomea makosa. Vifaa hivyo vyote vinaenea juu ya meza moja.